Jinsi ya Kubuni Kijiji cha Elfi na Ibada Yake ya Baraka kwa Ajili ya Picha na Michezo ya Kompyuta

Mchoraji au mbunifu wa michezo anayetaka kuonyesha kijiji cha elfi, wale viumbe wa ngano za Ulaya ya Kaskazini wenye umbo la binadamu na masikio yaliyochongoka, kwa kawaida huanza na majengo. Huchora paa zilizopinda, madaraja ya kamba baina ya miti na taa za buluu, kisha mwishoni kabisa humweka mzee mwenye joho jeupe anayeinua mkono juu ya kichwa cha shujaa, na hapo huhesabu kwamba ibada ya baraka imekamilika. Mwongozo huu unashauri mpangilio wa kinyume. Amua kwanza ibada yenyewe: ni nini kinachobarikiwa, kwa sababu gani, kwa vitu gani na kwa gharama ipi. Baada ya hapo jenga kijiji kinachoweza kuifanya ibada hiyo. Ukifuata njia hii, kila kijia, kila jiwe na kila ngazi itakuwa na sababu ya kuwapo pale ilipo, na mtazamaji ataiamini picha kabla hajasimuliwa lolote.

Anza na yale yaliyokuwapo

Elfi hawakuzaliwa katika michezo ya kompyuta. Snorri Sturluson, mwandishi wa Aislandi aliyeandika karibu mwaka 1220, aliwagawa katika makundi mawili: elfi wa nuru wakaao Álfheimr, na elfi wa giza wakaao chini ya ardhi. Miaka mia mbili kabla yake, mshairi Mkristo aliyeitwa Sigvatr Þórðarson alisafiri nchini Uswidi kwa kazi ya mfalme wa Norwei, na katika beti zake anasimulia jinsi alivyozuiwa mlangoni na mwanamke aliyemwambia kwamba ndani ya nyumba watu walikuwa wakiwatolea elfi tambiko, hivyo mgeni hawezi kuingia. Katika saga moja ya Aislandi, yaani simulizi ndefu ya kale, mtu aliyejeruhiwa anaelekezwa na mwanamke mwaguzi aende kwenye kilima wanamokaa elfi, akimwagie damu ya fahali na kuwaandalia elfi karamu ya nyama yake, ndipo atakapopona. Huko Uswidi yapo pia mawe yenye vishimo vidogo vya mviringo vilivyochongwa katika Enzi ya Shaba, na wanakijiji wa vizazi vya baadaye walivipaka siagi au mafuta na kuacha ndani yake sarafu na pini ili elfi wamwondolee mgonjwa maradhi yake.

Yachukue mambo matatu kutoka katika habari hizo. La kwanza ni kwamba ibada ilikuwa ya faragha, na mgeni alibaki nje. La pili ni kwamba mwenye shida alitakiwa kutoa kitu chenye thamani. La tatu ni kwamba palikuwa na mahali maalumu, kilima au jiwe, na si popote palipopendeza macho. Zingatia vilevile kwamba katika habari zote hizo elfi ndio wanaopokea sadaka. Wewe unapowafanya watoaji wa baraka, unabeba wajibu wa kuamua wao nao wanamwomba nani, kwa maana kuhani asiye na wa kumwomba hubaki kuwa mtu aliyevaa joho tu.

Chagua shida moja, kisha tunga ibada inayoitatua

Baraka hutolewa pale penye hofu au upungufu. Kijiji kinachoogopa majira ya baridi hubariki moto na ghala. Kijiji cha wavuvi hubariki mitumbwi. Kijiji kilicho mpakani hubariki silaha. Chagua shida moja tu, kwa sababu ibada inayobariki kila kitu haitamwonyesha mtazamaji chochote. Katika mwongozo huu nitatumia mfano wa kijiji kilichomo ndani ya msitu wa mialoni, ambacho ardhi yake imechoka na haizai tena.

Kwa shida hiyo kuna chanzo kizuri mno, nacho ni ibada ya kuponya shamba iliyoandikwa kwa Kiingereza cha kale katika karne ya 11, ambayo wataalamu huiita Æcerbot. Kabla ya mapambazuko, mwenye shamba anachukua mapande manne ya udongo pamoja na nyasi zake, moja kutoka kila upande wa ardhi, na kukumbuka jinsi kila pande lilivyokaa. Anachanganya mafuta, asali, hamira, maziwa ya kila mnyama wa kukamwa aliye katika ardhi hiyo, sehemu ndogo ya kila aina ya mti isipokuwa miti migumu, na kidogo cha kila mmea unaojulikana kwa jina isipokuwa mmoja, kisha anaongeza maji matakatifu na kuyadondosha mara tatu chini ya kila pande. Mapande yanapelekwa kanisani, yanasomewa misa nne upande wa kijani ukielekezwa madhabahuni, na yanarudishwa mahali pake kabla jua halijatua, yakiwekwa juu ya misalaba minne ya mbao yenye majina ya waandishi wa Injili. Mwenye shamba anaelekea mashariki, anainama mara tisa, anageuka mara tatu kufuata mwendo wa jua. Mbegu ya kupanda anaichukua kwa ombaomba, nao anawarudishia mara mbili ya kile alichochukua. Katika mti wa jembe la kukokotwa hutobolewa tundu na kutiwa ubani, shamari, sabuni na chumvi vilivyobarikiwa. Na chini ya mtaro wa kwanza huzikwa mkate uliokandwa kwa maziwa na maji matakatifu.

Isome tena orodha hiyo ukiwa na jicho la mchoraji. Kuna vitu vya kushika, kuna idadi, kuna pande nne za dunia, kuna saa ya kuanza na saa ya mwisho, kuna safari ya kwenda na kurudi. Picha kumi zimo humo, na hatua nzima ya mchezo imo humo pia. Hata hivyo usiinakili ilivyo. Misa na majina ya waandishi wa Injili ni sehemu ya dini iliyo hai ambayo wasomaji wengi wa mwongozo huu wanaifuata, na kuyavika mavazi ya elfi ni kuyashusha. Weka mahali pake majina ya wahenga wanne waliokianzisha kijiji, kila mmoja akiwa mlinzi wa upande wake, na mahali pa madhabahu uweke chemchemi. Nasema hivyohivyo kuhusu matambiko ya jamii zetu wenyewe: yana wenyewe na yana heshima yake, na mtu anayetaka kuyaonyesha ayaonyeshe kwa jina lake katika kazi inayoyahusu, asiyageuze kuwa pambo la elfi.

Andika ibada yako kwa sentensi zisizozidi ukurasa mmoja kabla hujagusa brashi. Kwa mfano wetu itakuwa hivi. Mara moja kwa mwaka, mialoni ikiwa bado haijachanua majani, nyumba nne hutuma kila moja mtu mmoja alfajiri kwenda kukata pande la udongo kwenye mpaka wa mashamba. Wanne hao hukutana chemchemini, ambako maziwa, asali na hamira vinakorogwa katika shimo la jiwe. Mkubwa wa kijiji anadondosha mchanganyiko huo mara tatu chini ya kila pande huku akitaja jina la mhenga. Hakuna anayekula mpaka mapande yarudi. Mbegu za kupanda mwaka huo hazitoki ghalani. Zinaombwa kwa mgeni maskini kuliko wote aliyepo, naye hulipwa mara mbili.

Acha ibada ichore ramani ya kijiji

Sasa kijiji kinajipanga chenyewe. Mapande manne yanahitaji njia nne kutoka kwenye mipaka minne, na njia zote zinaishia chemchemini. Basi umbo la kijiji ni msalaba uliopinda kidogo kufuata miinuko ya ardhi, na chemchemi ipo karibu na kitovu chake. Kwa kuwa ibada ni ya faragha, kila njia ipinde kabla ya kufika, ili anayesimama langoni asiweze kuona maji. Weka jiwe lenye vishimo mwanzoni mwa njia inayotumiwa na wageni, kama yale ya Uswidi, na humo mpita njia aache kitu kidogo. Katika picha jiwe hilo litatangulia mbele kabisa na kuonyesha kipimo cha mambo. Katika mchezo litakuwa mahali ambapo mchezaji anajifunza, bila kuambiwa, kwamba hapa hutoi mkono mtupu.

Kuhusu nyumba za juu ya miti, tafadhali fikiri kwanza kuhusu mti. Sehemu hai ya shina ni tabaka jembamba lililo chini tu ya gome, na ulingo uliokazwa kulizunguka shina utalinyonga kadiri mti unavyonenepa. Watu wanaoheshimu miti kiasi cha kuihusisha na wahenga wao hawawezi kuijenga hivyo. Acha nafasi ya wazi baina ya mbao na shina, ning'iniza ulingo kwa kamba zilizotandikiwa ngozi mahali zinapokutana na tawi, au uegemeze upande mmoja juu ya nguzo. Mwaloni unafaa kuliko miti mingi mirefu kwa sababu matawi yake mazito hutanda kwa ulalo, tofauti na mti ulionyooka ambao tawi lake la kwanza liko mbali juu. Chora mtu mmoja wa urefu wa mita 1.7 kando ya shina kabla ya kuendelea: mwaloni wa mita 30 ni karibu watu 18 waliosimama mmoja juu ya mwingine, na picha nyingi za elfi huharibika kwa sababu mchoraji hakuwahi kukipima kipimo hicho.

Si lazima kila mtu akae juu. Moto na miti havipatani, kwa hiyo tanuri la mikate, karakana ya mhunzi na jiko la kuchemshia rangi za nguo viwe chini, juu ya sakafu ya mawe, upande ambao upepo unaelekea nje ya kijiji. Maji hupandishwa juu kwa kapi na ndoo. Zizi liwe chini ya mkondo wa chemchemi, wala si juu yake, kwa maana maziwa ya ibada yanatoka zizini na maji ya ibada hayawezi kupita katika samadi. Mambo haya madogo ndiyo yanayomfanya mtu aitazame picha kwa muda mrefu.

Saa ya ibada ndiyo inayochagua rangi

Taa za buluu usiku zimetumiwa mno, na ibada yetu haizihitaji. Mapande yanakatwa kabla ya mapambazuko na kurudishwa kabla ya machweo, hivyo una hali mbili za mwanga zenye maana tofauti. Alfajiri hakuna kivuli kilicho wazi. Anga lote linatoa mwanga hafifu wenye ubaridi, rangi zimefifia, na ukungu unatenganisha matabaka ya msitu: miti ya karibu ikiwa na kiza, ya kati ikiwa ya kijivu, ya mbali ikikaribia kupotea kabisa. Jioni jua linakuwa chini, na kwa sababu mialoni haina majani linapenya mpaka ardhini na kulaza vivuli virefu. Sehemu zinazopigwa na jua zielekee dhahabu, na sehemu za kivuli zielekee buluu, kwa kuwa zinaangazwa na anga. Ukitumia Blender, programu ya kuunda picha za pande tatu, unaweza kuingiza joto la rangi kwa vipimo vya Kelvin kupitia nodi ya Blackbody. Jua la jioni liwe kati ya 2,500 na 3,500. Katika Krita, au katika programu ya kuchorea ya simu, tenganisha mwanga na kivuli katika matabaka mawili ili uweze kubadili joto la kimoja bila kugusa kingine. Programu unayoitumia si jambo kubwa.

Kuchagua majira kabla ya majani kuchanua kunakupa zawadi nyingine. Katika misitu ya mialoni ya Uingereza, huo ndio wakati ambapo mwanga unafika chini na maua ya msituni yanachipuka kabla paa la majani halijafunga. Ardhi iliyochoka ya mashamba, karibu kabisa na sakafu ya msitu iliyojaa maua, ni tofauti ambayo mtazamaji ataielewa mara moja.

Kabla ya rangi, fanya vijichoro vidogo vya toni tatu pekee: nyeusi, kijivu na nyeupe. Jaribu kuuweka mwanga mkubwa zaidi mahali pamoja tu. Mimi napendekeza uwe kwenye mikono ya mkubwa wa kijiji na matone yanayodondoka, wala usiwe usoni pake, kwa sababu mikono ndiyo inayoeleza kinachotendeka. Mapande manne ya udongo yapinduliwe, mizizi ikiwa juu, kama chanzo kinavyodai; mizizi hiyo myeupe ikiguswa na jua itavuta jicho bila msaada wa miale ya kichawi.

Wanakijiji

Katika habari za kale nilizozitaja hakuna neno juu ya masikio yaliyochongoka, kwa hiyo una uhuru nayo. Ukiyachora, shina la sikio libaki pale pale lilipo kwa binadamu, baina ya usawa wa nyusi na usawa wa chini ya pua, na sehemu ya juu tu ndiyo ivutwe nyuma na juu. Pembetatu iliyobandikwa kichwani huonekana mara moja. Wape watu umri tofauti. Elfi wa siku hizi huchorwa wote wakiwa vijana wa miaka ishirini, na ibada inayotaja wahenga hupoteza uzito wake pasipo mzee wala mtoto. Wale wanne waliobeba mapande wawe na udongo kwenye nguo na uchovu wa tangu alfajiri. Mtoto mmoja anaweza kuutazama mkate kwa njaa, kwa sababu hakuna aliyekula.

Kwa wale wanaotaka kujifunza namna ya kuwachora elfi wasioshikika, itazameni picha ya Mswidi August Malmström ya mwaka 1866, ambamo elfi wanacheza juu ya maji na miili yao inayeyukia katika ukungu. Njia hiyo yafaa sana kwa wahenga: wachore kama sehemu ya ukungu wa alfajiri katika pembe nne, kwa namna ambayo mtazamaji hatakuwa na hakika kama amewaona.

Kuifanya ibada iwe kanuni ya mchezo

Katika toleo la mwaka 2014 la mchezo wa mezani Dungeons & Dragons, baraka inayoitwa Bless huwapa viumbe hadi watatu dadu ya pande nne ya kuongeza kwenye matokeo ya dadu wanayorusha wanaposhambulia au wanapojiokoa na hatari, kwa muda usiozidi dakika moja, na kitu kinachotakiwa ni maji matakatifu kidogo ya kunyunyizia. Wastani wa dadu ya pande nne ni 2.5, na kila nambari ya dadu ya pande 20 ni asilimia 5, hivyo baraka hiyo huongeza nafasi ya kufaulu kwa takriban asilimia 12.5. Kiasi hicho kinahisiwa na mchezaji bila kuuharibu mchezo, nami naona ni kipimo kizuri cha kuanzia. Lakini muda wa dakika moja unafaa vita, haufai ibada ya mwaka mzima.

Baraka ya kijiji chetu idumu mpaka mchezaji atakapovunja sharti lake, tuseme akate mti ulio hai au ale mbegu za kupandia. Kwa njia hiyo kila uamuzi anaoufanya porini unamkumbusha kijiji. Gharama iwe ya kweli: mchezaji ndiye yule mgeni maskini anayeombwa mbegu, na anapaswa kuzitoa akiwa hajui kama atalipwa. Akikataa, asifukuzwe na wala asiadhibiwe. Njia ya kwenda chemchemini ibaki imefungwa, kama mlango uliofungwa mbele ya Sigvatr. Akikubali, apewe kazi ya kuleta pande la nne, kwa sababu nyumba ya upande huo haina tena mtu wa kumtuma. Sasa amepitia njia ya ibada kwa miguu yake, akiwa na muda unaokwisha jua likitua, na hukulazimika kumwandikia mazungumzo marefu.

Hakikisha kanuni na picha zinasema jambo moja. Katika mchezo wa kompyuta Warcraft III wa mwaka 2002, visima vya mwezi vya elfi wa usiku huponya wapiganaji na hujijaza tena usiku tu. Mchezaji anajifunza imani ya watu hao kwa kupanga wakati wa kupigana. Kwetu sisi, nguvu ya baraka iongezwe mchezaji akisimama juu ya udongo, na isifanye kazi juu ya mawe au ndani ya jiji. Usitumie alama ya kung'aa kuonyesha kwamba amebarikiwa. Udongo uliokauka kwenye viganja vya mhusika unatosha, nao utoweke siku atakapovunja sharti.

Tukio la ibada lenyewe liwe fupi na mchezaji aweze kulipita akilirudia. Sauti ziwe za kazi: maji, matone, miguu kwenye majani makavu, jina la mhenga likitajwa. Muziki uingie baada ya pande la nne kurudi shimoni, usitangulie.

Mwisho, mpe mtu mwingine kijiji chako akitembelee au akitazame bila maelezo, kisha umwulize maswali matatu: watu hawa wanaogopa nini, kitu chao cha thamani kiko wapi, na wewe ungetakiwa kutoa nini ili wakupokee. Akishindwa swali la kwanza, shida haionekani katika mashamba na unahitaji kuirudia ardhi. Akishindwa la pili, njia na mwanga havimwelekezi chemchemini. Akishindwa la tatu, lisogeze jiwe la langoni mahali ambapo hawezi kulipita bila kuliona, na uweke ndani ya kishimo chake sarafu moja na siagi kidogo.